Vikombe vya Bwana Hibino

Bi Wadha aliwasha taa zote za sebuleni, hata ile ya vioo ambayo huwashwa kwa harusi tu. Mgeni akaingia, akainama mpaka mgongo ukalala, kisha akazizima moja moja.

"Muhsina! Huyu mgeni wako ananitia kizani ndani ya nyumba yangu?"

"Ndiyo kazi yake, bibi." Mjukuu alikuwa mkalimani wa filamu ndogo iliyokuwa ikipigwa kuhusu wazee wa mji wao, Sib. "Bwana Hibino hupiga picha kwa mwanga wa dirisha tu. Alianza kwao Japani, kwenye filamu za watu wasio na pesa za taa. Pesa zilipokuja, yeye keshalipenda dirisha."

"Na kamera mbona kaiweka chini, kama mtoto anayetambaa?"

"Kimo cha mtu aliyekaa. Akishaiweka haigusi tena. Anasema mtu akifuatwafuatwa na kamera hujificha."

Bi Wadha akauvuta ushungi wake. Kujificha alikujua. Tangu Ramadhani mkono wake wa kulia ulikuwa ukitetemeka, na kila wajukuu walipokuja aliuficha ndani ya ushungi. Siku watakayouona watampokonya jiko, kwa mapenzi yao yote, wamkalishe juu ya mito ya sebuleni kama pambo.

Lakini kahawa ya mgeni wake humimina mwenyewe. Kikombe kimoja, viwili, mkono ungestahimili. Kwa desturi yao aliyetosheka hukitikisa kikombe, mambo yakaisha. Huyu hakutikisa. Alikunywa, akakinyoosha; Bi Wadha akamimina. Akanywa tena, jasho likimtoka, akakinyoosha tena. Mmoja aliona haya kukataa, mwingine aliona haya kuacha.

"Kitendawili!" Bi Wadha akasema, pumzi juu.

"Tega, bibi."

"Nna mtu wangu, kila nikimpa hanambii basi."

"Mchanga wa pwani?"

"Mgeni wako!"

Wakacheka, na katika kicheko mkono wa Bi Wadha ukakosa adabu: kikombe kikagongagonga dele la kahawa, kisikome. Kicheko cha Muhsina kikakatika.

"Bibi… mkono huo tangu lini?"

Bwana Hibino akasema neno kwa sauti ya chini, na Muhsina akalifasiri polepole. "Anasema ataifuta picha hii. Ukipenda, ataihamishia kamera upande wa pili, mkono usionekane."

Bi Wadha akautazama mkono wake. Mwanga wa dirisha ulikuwa umeulalia kwa upole, kama ulivyozilalia tende siniani, bila kuunyooshea kidole.

"Akiihamisha itaona nini, ukuta? Mwambie aiache. Na mfundishe kutikisa kikombe, maskini, asije akatufia."

Muhsina akamwonesha. Bwana Hibino akakitikisa kwa mikono miwili, uso ameukaza kama mtu anayepiga kengele ya skuli, hata Bi Wadha akafuta machozi ya kucheka.

"Haya, tuanze upya," Bi Wadha akasema.

Muhsina akanyoosha mkono kulichukua dele.

"Liache, mwanangu."

Akaliacha. Bi Wadha akautoa mkono wote ushungini, akamimina. Tone moja likaanguka mkekani, likatanda taratibu kwenye mwanga. Hakuna aliyelifuta.