Mlingoti wa Nova Itaúna

Jumatano kabla ya Sikukuu ya Kupaa, wanaume wa Nova Itaúna waliubeba mlingoti kutoka msituni kama wanavyofanya kila mwaka, yaani kwa kelele nyingi na mwendo mdogo. Kila nyumba waliyoipita walisimama kunywa tikira, ile pombe kali ya muhogo yenye rangi ya zambarau, na kila waliposimama mlingoti ulizidi kuwa mzito. Dona Zuleide Serejo, mkuu wa wanawake wapiga ngoma, alikuwa barazani kwake akikuna nazi za vikeki vya sikukuu, vile vyenye umbo la kobe. Aliwasikia wakiteta tangu kwenye kona, akaendelea kukuna.

Pikipiki ya samaki ilikuwa imeshapita asubuhi. Samaki huja na barafu siku hizi, macho yamewaingia ndani kama ya wagonjwa. Zamani wanakijiji walikuwa wanakula waliowaona wakirukaruka, huko Itaúna yenyewe, pwani, kabla hawajahamishwa ili roketi zipate nafasi. Walipewa nyumba za matofali zilizopangwa mstari na mashamba ambayo muhogo unaota kwa shingo upande. Njia ya kwenda pwani bado ipo. Unaifuata kwa mguu mpaka unakuta geti, na nyuma ya geti ipo kampuni ya Altaluz, iliyokodi ule uwanja wa roketi.

Amâncio, mumewe Dona Zuleide, alifia katika moja ya nyumba hizo za matofali. Siku yake ya mwisho alimwuliza mkewe kama maji yamejaa au yamekupwa, na mkewe hakujua. Mtu aliyeishi naye miaka yote hiyo, amemwuliza jambo dogo kama hilo, naye hana jibu. Lilimuuma kuliko msiba wenyewe, na tangu hapo alikuwa anataka kitu kimoja tu duniani, geti lile lifunguliwe.

Ndiyo maana mwaka huo alishauri kwamba baba wa ubatizo wa mlingoti awe Doutor Evandro Meireles, mkurugenzi wa Altaluz. Mlingoti wa sikukuu hubatizwa kama mtoto, una baba na mama wa ubatizo, na ni desturi kumpa heshima hiyo mtu mkubwa ili anunue vinywaji. Mkono mtupu haulambwi. Jambo ambalo hakuna aliyelikumbuka, kwa sababu wakubwa wote waliotangulia hawakuwahi kulijali, ni kwamba kwa desturi hiyohiyo, sikukuu ikiisha, mti ni mali ya baba wa ubatizo.

Doutor Evandro alikuja na kreti nyingi za bia na shati jeupe. Mama wa ubatizo alikuwa Dona Zuleide, na kuanzia siku hiyo wawili hao wakaitana kompadre na komadre, kama inavyowapasa watu waliobatiza pamoja. Waliumwagia mlingoti tikira, na Dona Zuleide akaupa jina la Amâncio, kwa sababu marehemu naye hakuwa mtu wa kutulia mahali. Wakaufungia ndizi, mananasi, mikate na chupa moja ya tikira, kileleni wakaweka bendera ya njiwa, wakausimamisha mbele ya kanisa.

Kesho yake, siku ya Kupaa, wanawake walipiga ngoma. Walipofika ubeti wa tatu mlingoti ulijing'oa taratibu, kama muhogo kwenye udongo uliolowa, ukapanda. Haukutoa moto wala mlio. Ulipita kimo cha kanisa, ukapita tai, ukawa kama kijiti cha kibiriti, kisha ukawa haupo.

Watu wote walimgeukia Seu Orlindo, mchimba shimo.

"Msinitazame hivyo," alisema. "Shimo nimechimba mpaka kiunoni."

"Kiuno cha nani?" aliuliza Jacira, mpiga ngoma wa pili, ambaye hakuwahi kumwonea haya. "Chako wewe au cha kuku?"

Mabishano ya shimo yalichukua siku zote kumi. Jumapili ya Pentekoste mlingoti ulishuka ukiwa wima, ukaingia kwenye shimo lilelile bila kutikisa hata vumbi. Ndizi zilikuwa zimeganda, ngumu kama nyundo. Chupa ya tikira ilikuwa tupu, na jambo hilo ndilo lililozungumzwa zaidi.

Doutor Evandro alikuwa amekaa kwenye kiti cha heshima. Aliangalia mlingoti ukitua, akapangusa miwani, akauliza swali moja tu: "Hivi ule mkungu wa ndizi una kilo ngapi?"

Usimlaumu mtu huyu haraka. Biashara ya roketi, ukiiondolea moshi na nyimbo za taifa, ni biashara ya mizigo kama ya lori. Mteja ana kisanduku chake, anataka kifike juu, anauliza kilo moja bei gani. Zamani roketi ilipanda mara moja ikatupwa baharini, sawa na kununua lori jipya kila unapopeleka viazi sokoni. Kisha matajiri wa ng'ambo wakajifunza kuzirudisha zikiwa nzima, bei ikaporomoka kama nyanya za msimu, na kampuni ndogo zikabaki zimeshika tama. Altaluz ilikuwa na sifa moja tu, kwamba ipo karibu na mstari wa ikweta, ambako dunia huzunguka kwa kasi na kuisukuma roketi bure. Sifa hiyo Doutor Evandro aliihubiri kwa wawekezaji mpaka koo likakauka. Roketi yake ya kwanza iliangukia baharini. Ya pili iligoma kuondoka, imesimama kama punda. Wateja wenye setilaiti ndogo zenye ukubwa wa mkate walikuwa wanapiga simu kila juma, na lugha yao ilikuwa inazidi kupoteza adabu.

Mkungu ulipimwa. Ndipo Doutor Evandro akawakumbusha wanakijiji, kwa upole mwingi, mti ni wa nani sikukuu ikiisha. Padri akakubali kwamba desturi ni desturi. Seu Orlindo akasema hata yeye alikuwa anataka kulisema hilo.

Dona Zuleide hakugombana. Aliona mlango umefunguka.

"Kompadre," alisema, "mti chukua. Sisi tufungulie geti, twende pwani yetu."

"Komadre, tupate wateja kwanza. Wateja wakija, hilo geti nitalifungua kwa mkono wangu mwenyewe."

Ahadi ni deni, wanasema wazee, lakini hawakusema linalipwa lini.

Kwanza kampuni iliuhamishia mlingoti uwanjani kwake, kwenye zege, karibu na ile roketi iliyogoma. Ulisimama pale miezi miwili ukachipua majani. Wakaurudisha kijijini, wakaupigia ngoma zilizorekodiwa kwa kipaza sauti. Ulipanda mpaka usawa wa goti, ukamwangukia mguuni mhandisi kutoka São Paulo. Wakawaita wanawake wenyewe, wakawavalisha kofia ngumu na fulana za kampuni, ila kileleni wakaweka bendera ya Altaluz. Haukusogea. Dona Zuleide alipanda ngazi, akaishusha bendera, akairudisha ya njiwa, na setilaiti tisa zikaenda zao juu zikiwa zimefungwa kwa kamba ya mnazi mahali pa ndizi. Siku ya kumi mlingoti ulirudi, visanduku vyote vimeachwa mahali pake. Chupa, kama kawaida, ilikuwa tupu. Katika nyaraka za kampuni mlingoti uliitwa Hatua ya Kwanza, na tikira iliandikwa chini ya mafuta.

Baada ya hapo mambo yalikwenda mbio. Altaluz ilishusha bei ya kilo mpaka wale matajiri wa ng'ambo wakaanza kukohoa. Mmoja wao alisimamisha msonobari nyumbani kwake na kukodi wapiga ngoma wa jeshi. Msonobari ulisimama tu. Watu wa bima walikuja kumkagua Amâncio kwa nyundo ndogo, wakamgongagonga, wakampa cheti. Hisa zilipanda juu kuliko mlingoti, nazo hazikushuka Pentekoste. Wapiga ngoma walilipwa posho na mkate wenye jibini, na Jacira alisema jibini lenyewe limekatwa na kinyozi.

Na roketi ya moto hakuna aliyeitaka tena. Uwanja ule wa pwani uliota nyasi. Dona Zuleide alisubiri mpaka nyasi zilipokuwa ndefu za kuonekana tokea getini, kisha akaenda ofisini kwa Doutor Evandro na kikapu cha vikeki vya kobe.

"Kompadre, wateja unao. Na kule pwani hamrushi kitu tena, mbuzi tu ndio wanakula. Fungua basi."

Doutor Evandro alikula kobe mmoja kuanzia kichwani. Hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo linaloudhi. Alimweleza kwamba ile ardhi ndiyo dhamana ya benki, na wawekezaji wanapenda sana kuona kwenye picha uwanja wenye bahari. Halafu akasema lipo jambo jingine, alikuwa anatafuta namna ya kulianza. Sheria inataka mahali panaporushwa vyombo pasiwe na makazi ya watu. Inachorwa duara, na wote walio ndani ya duara wanaondoka kwa usalama wao. Duara linapimwa kuanzia kinapopandia chombo. Na chombo, kama komadre anavyojua, kinapandia mbele ya kanisa.

"Kwa hiyo tunahama," alisema Dona Zuleide.

"Mtajengewa nyumba za matofali."

"Zilizopangwa mstari?"

"Mstari mzuri kabisa, komadre."

Dona Zuleide alichukua kikapu chake na kobe waliobaki ndani. Alitembea mpaka nyumbani bila kujibu salamu ya mtu, na wote waliomwona walianza kufunga mizigo kabla hawajaambiwa. Kijiji kipya kiliitwa Nova Itaúna ya Pili. Kiko mbali zaidi na bahari, na pikipiki ya samaki hufika huko mchana, ikifika.

Sikukuu ya Kupaa iliyofuata, wapiga ngoma waliletwa kwa basi la kampuni mpaka kwenye kijiji chao wenyewe. Walivalishwa vitambulisho vya wageni shingoni, mwisho saa kumi na moja jioni. Nyumba zilikuwa zimeng'olewa milango, mbele ya kanisa pamewekwa uzio. Kwa desturi kila mwaka mlingoti hukatwa mpya, ila baba wa ubatizo alikataa, kwa sababu huu ndio wenye cheti. Mzigo wa siku hiyo ulikuwa mwepesi, mteja mmoja alikuwa amechelewa kuleta visanduku vyake.

"Kompadre," alisema Dona Zuleide, "pana nafasi. Nifunge mimi."

Doutor Evandro aliangalia nafasi, akamwangalia yeye. Mama wa ubatizo hakataliwi neno mbele ya mlingoti, hilo hata mkurugenzi analijua. Isitoshe, kilo isiyouzwa ni hasara. Akaagiza mizani.

Alikuwa na kilo arobaini na sita, pamoja na shali. Alimwachia Jacira ngoma yake, Seu Orlindo akamfunga kiunoni kwa kamba ya mnazi, mafundo mawili, akamwomba asiiguse ile chupa. Wanawake wakaanza kupiga. Ubeti wa tatu, Dona Zuleide akapanda, miguu imeshikana vizuri kama mtu aliyekaa kanisani.

Alirudi kabla ya saa kumi na moja. Amâncio alipokuwa hai pia ilikuwa hivyo, akitoka peke yake ni siku kumi, akitoka na mkewe wanarudi mapema. Dona Zuleide alikuwa na barafu kwenye nyusi. Jacira alimfungua mafundo na kumsugua mikono, Doutor Evandro akauliza kama abiria amepata usumbufu wowote, mhandisi akiandika.

Dona Zuleide alimwambia Jacira, "Nimeiona pwani yetu. Yote. Kamba wamejaa kwenye tope mpaka unaweza kuwaokota kwa sketi. Hakuna mtu hata mmoja, shoga."

"Na geti?"

"Limefungwa. Wameweka kufuli jipya, linang'aa mpaka huko juu."

Kisha akageuka, akaweka kiganja juu ya mti, mahali ambapo gome lilikuwa bado baridi.

"Yamekupwa, Amâncio," alisema.

Mlinzi akaonyesha saa yake. Wanawake walivua vitambulisho, wakavirudisha kwenye boksi, wakapanda basi na ngoma zao mapajani. Juma lile Altaluz iliongeza mstari mmoja kwenye orodha ya bei zake, wa abiria, watoto nusu.