Mbao za Kukingama

Mzee Nyamongo, mshika funguo wa kanisa pale Manga, alikwisha kutoa neno: sakafu ya mbao ya chumba cha kisomo cha watu wazima isipokuwa imara kufikia Jumatatu, chumba kitafungwa na kugeuzwa ghala la mahindi. Bonareri, mmoja wa wanafunzi wa humo, alikuwa amefika herufi ya kumi na mbili. Barua tatu za mwanawe Nyangau, mchuma chai wa Kericho, zilikuwa zikimngojea ajue kusoma. Aliapa kwamba mlango ule hautafungwa.

Kwanza walikosea, yeye na wanafunzi wenzake. Walikanda udongo na mavi ya ng'ombe, wakakandika juu ya mbao kama walivyozoea nyumbani. Ikapendeza siku mbili. Walipoingia darasani, mbao zikabonyea na udongo ukabanduka magamba magamba. Mzee Nyamongo akauliza ni nani aliyeacha ugali uungue.

Walikwangua, wakafagia, wakajitwika mbao kavu kutoka kwa mpasuaji magogo bondeni. Jumamosi akaja fundi seremala Otiende, mtu wa ziwani aliyefanya kazi mjini Kisii. Kwa kuwa alikuwa na haraka, alianza kulaza mbao mpya juu ya zile kuukuu, sambamba nazo. Bonareri akakanyaga, za juu na za chini zikabonyea pamoja.

Bonareri alimweleza kwamba wakandikapo nyumba, mkono wa pili wa udongo hupakwa kwa kukingama ule wa kwanza, la sivyo ufa wa chini hupanda juu. Otiende akacheka, akasema tangu azaliwe hajafundishwa useremala na mkandikaji.

"Basi fundi, leo umepata mwalimu," alisema Bonareri. "Nami mwalimu wangu ni mdogo kuliko mwanangu. Sijafa kwa aibu."

Otiende alirukaruka juu ya mbao, akasikiliza zikilia. Kisha akang'oa misumari. Alikaza kwanza mbao kuukuu zilizolegea, akalaza mpya kwa kukingama, huku Bonareri akishikilia ncha za kukatwa mpaka viganja vikamchubuka.

Jumatatu Mzee Nyamongo alikuja na kufuli mkononi. Akapiga kisigino katikati ya chumba, akapiga tena pembeni. Sakafu haikulia wala kutikisika.

"Karibu uketi, baba," alisema Bonareri, kibao chake kikiwa mapajani. "Tumefika herufi ya kumi na tatu."

Mzee akatia kufuli mfukoni, akatafuta kiti.