Wazimu wa Ukoo

Nilikaa hospitali ya wagonjwa wa akili miaka mitatu, na kichaa sikuwa. Nalisema mapema ili msomaji asipoteze muda kujiuliza.

Baba alipofariki aliacha shamba la minazi Kigombe, na warithi tulikuwa wawili, kaka yangu Yaarub na mimi. Theluthi ilikuwa yangu. Mume wangu alikwisha kufa, na kila nilipouliza lini tutagawana, Yaarub alinijibu kwamba mjane hana haraka. Mwaka 1951 nikachoka. Nilitoka mchana bila buibui, na ndoo ya chokaa na brashi, nikaanza kupaka mashina ya minazi niliyoona ni yangu. Kigombe nzima ikasimama kutazama. Binti wa Waarabu wa Kimanga, kichwa wazi, jua kali, anapaka minazi chokaa.

Yaarub hakuhitaji zaidi ya hapo. Alinifikisha kwa liwali, akaapa kwa msahafu kwamba nasema na miti, kwamba wazimu uko katika damu yetu na mama yetu alikufa nao. Mama alikufa kwa homa. Nilipinga kwa sauti kubwa, na hiyo sauti ikahesabiwa kuwa dalili. Yaarub akawa msimamizi wa mali yangu, mimi nikapelekwa bara.

Hospitali yenyewe sitaitukana. Serikali iliiweka kwa ajili ya watu wanaougua kweli, na nililala kando yao. Kwenye kitanda cha jirani alikuwapo mwanamke ambaye kwao walimfunga mnyororo kwenye nguzo. Pale ndipo alipolala bila kufungwa. Hiyo ndiyo kazi ya hospitali, na waliifanya. Lakini walikuwapo pia waliopona zamani na wamezeekea mle, kwa sababu mgonjwa hakuruhusiwa kutoka mpaka jamaa yake aje kumpokea, na jamaa hawakuja. Daktari aliniona mzima kabla mwaka haujaisha. Yaarub akaarifiwa. Akajibu niachwe hukohuko, wazimu wetu hauponi.

Basi nikapalilia karanga za hospitali, nikasuka mikeka, nikamchukia kaka yangu vizuri, bila haraka.

Aliyenitoa ni dresa mmoja, mfunga vidonda wa hospitali, Mbondei, jina lake Fanueli, mtu wa Muheza. Alipokwenda likizo kwao nilimwomba amtafute ami yangu Marhun, anayeuza machungwa pale stesheni. Marhun na baba walichangia baba. Mama yake alikuwa suria, na kwa ajili hiyo Yaarub hakuwahi kumkaribisha hata barazani. Marhun alikuja kunipokea na kapu la machungwa, nusu kayala njiani.

"Yaarub alisema umekufa," aliniambia. "Nikakusomea na hitima."

Nikahamia kwake Muheza. Shamba lilibaki kwa Yaarub, maana kiapo chake kilikuwa bado kinasimama. Sikwenda kugombana naye. Alikuwa na binti wa kuolewa, nami nikasubiri.

Binti huyo, Asmahani, akaposwa na watu wa Moa. Wanawake wa upande wa mume wakaja kuulizia ukoo, kama ilivyo desturi, na kila nyumba waliyoingia walisikia yaleyale aliyoyaapa Yaarub: bibi alikuwa nao, shangazi anao. Zamu inayofuata ni ya nani? Posa ikasimama.

Kwanza alikuja wifi yangu Mastura, akalia nguo zangu zikalowa. Kisha akaja Yaarub mwenyewe. Alitaka nikakae na wale wanawake, nimevaa vizuri, nizungumze nao waone kwamba sina kitu.

"Mimi, mwendawazimu?"

"Muzna, hayo yamepita."

"Hayajapita. Nikizungumza nao vizuri watasema leo kapata nafuu. Nenda kwa kadhi, mbele ya wazee wa Moa, useme uliapa uongo."

Alinitazama sana. "Unataka shamba."

"Nalitaka sana."

"Chukua theluthi yako tuyamalize hapa."

"Theluthi atanipa kadhi. Wewe nipe hayo maneno."

Alikwenda. Alidhani analipa kwa minazi tu. Utotoni Yaarub alitoroka chuoni mapema akafanye biashara ya mbata, nazi kavu. Mimi nilibaki nikasoma fikihi, sheria za dini, kwa baba mpaka mlango wa ndoa.

Siku hiyo wanawake tulikaa nyuma ya pazia. Yaarub alisema yote: hakuna wazimu, hakukuwa na wazimu, aliapa kwa tamaa. Wazee wa Moa wakaridhika na damu yetu, posa ikapita. Kadhi akanirudishia mali yangu. Yaarub akapumua, akasema Ijumaa atamwoza binti yake.

Nikauliza kutoka nyuma ya pazia: "Sheikh, mtu aliyekiri kwamba aliapa uongo kwa msahafu, anafaa kuwa walii wa kumwoza binti yake?"

Kadhi akasema hafai, mpaka atubu na toba yake ionekane kwa muda. Akauliza ni nani mwingine wa kiumeni. Yaarub hakuwa na mtoto wa kiume wala ndugu wa kiume.

"Yuko Marhun," nilisema.

"Muuza machungwa?" alisema Yaarub. "Mtoto wa suria ndiye amwoze binti yangu?"

"Ami yako," nikamjibu.

Alimgeukia kadhi, akawageukia wazee wa Moa. Hakuna aliyemsaidia. Kuahirisha asingeweza; watu wale wangekwenda zao.

Ijumaa Marhun alivaa kanzu ya kuazima, ndefu kidogo, akashika mkono wa bwana harusi akamwoza Asmahani. Asmahani nilimvisha mimi kwa mikono yangu. Yeye sikuwa na ugomvi naye. Yaarub walimweka karibu na mlango, penye viatu vya watu.

Niliomba nikae penye mwanya wa pazia, nikapewa. Wenzangu walidhani nataka kumwona bwana harusi. Yaarub alitazama mkeka tangu hotuba mpaka dua, nami sikumwondolea macho.