Risasi Kwa Paketi ya Sukari

Kama hujaona mtu akiuza ngamia bila kufungua mdomo, basi hukufika soko ya mifugo hapa Isiolo wakati abti Guled alikuwa na mkono mzima. Abti ni mjomba, ndugu ya mama yangu Fahmo. Kwetu Wasomali mjomba anakuita vile wewe unamuita, kwa hivyo yeye kwangu ni abti na mimi kwake ni abti, hata kama mimi ni msichana wa juzi tu na yeye ana ndevu ya hina.

Kazi yake ilikuwa udalali. Muuzaji huku, mnunuzi kule, yeye katikati. Anatoa kitambaa yake ya kijani kwa bega, anafunika mkono wake na mkono wa mnunuzi, alafu vidole zinaanza kuongea huko chini. Akishika kidole hivi, hiyo ni bei. Akikunja, ongeza. Akikukwaruza kiganja, unatuchezea, toka hapa. Watu wamejaa pande zote na hakuna mtu anajua kitu, kwa sababu bei ya mtu ni siri yake. Mimi nilikuwa namchukua video na simu, yeye anacheka. "Chukua tu, abti," ananiambia. "Hiyo simu yako itaona kitambaa."

Na huo mkono lazima iwe ya kulia. Ya kushoto hupei mtu. Hiyo kila mtu anajua.

Sasa abti alikuwa na bastola, ya leseni kabisa, kwa sababu dalali anatembea na pesa ya watu kwa barabara ya porini. Shida ya bastola ya leseni ni risasi. Huwezi kununua popote. Unafunga safari mpaka Nairobi na karatasi zako, unaulizwa maswali, unarudi na chache. Abti alikuwa mvivu wa hiyo safari. Kila mwezi anasema mwezi ujao.

Rafiki yake wa roho alikuwa Godana, Mborana, boma yake iko mbele ya Kulamawe. Urafiki yao ni ya kabla nizaliwe. Ile mwaka ukame ilimaliza ng'ombe, watoto wa Godana walilelewa kwa nyumba ya abti kama wake, wakala sahani moja na wake. Godana naye akipata ngamia mzuri hawezi kuuza kupitia mtu mwingine. Alikuwa anamuita abti jaala, yaani rafiki, na vile alikuwa anaisema ungefikiri ni jina ya cheo.

Siku moja tulienda kwake, tukapewa chai. Abti akalalamika tu vile watu wanalalamika, risasi zimeniishia karibu, na hiyo Nairobi naichukia. Godana akainuka, akaingia ndani, akarudi na paketi ya sukari imekunjwa mdomo. Akasema kuna mtu alipita na ngamia kutoka pande ya mpaka, akamuachia hizi, ni za bunduki ndogo, kama ile ya abti.

Muelewe kitu moja. Huko malishoni watu wanapeana risasi vile sisi tunapeana majani ya chai kwa jirani. Bunduki za huko karibu zote ni aina moja. Ile inatoka kwa ya huyu inaingia kwa ya yule, na hakuna mtu anakaa chini kulinganisha. Godana alikuwa anajua hivyo tangu akiwa kijana. Ndani ya kichwa yake, bunduki kubwa ina risasi kubwa, bunduki ndogo ina risasi ndogo, basi.

Na abti naye akachukua paketi, akaweka kwa mfuko bila kufungua. Zawadi hufungui mbele ya mwenye kukupa. Ukichungulia ni kama unamwambia sikuamini.

Nyumbani alizimwaga kwa meza. Mke wake Nafiso alikuwa anachagua mchele hapo hapo. Akaokota moja, akaweka karibu na ya zamani.

"Mbona hizi ni fupi?" akauliza. "Na ni kama zimenona."

"Nafiso, ukiletewa maziwa unapima kibuyu na rula?"

Tulicheka, mpaka Nafiso mwenyewe akacheka. Abti akazisukuma kwa magazini ya bastola juu ya zile za zamani, moja baada ya nyingine. Ziliingia. Hazikukwama, hazikukataa, ziliingia kabisa. Sasa najua kuna kitu inaweza kuingia mahali na si yake.

Ile jioni yenyewe tulikuwa kwa boma ya abti nje ya mji. Mimi nilikuwa napiga video ya ngamia jike, kuna mteja alitaka kumuona kwanza kwa simu. Jua ilikuwa inaanguka. Ngamia zikaanza kuhangaika, zote zinaangalia pande moja, na pale kwa miba tukaona fisi, anakuja chini chini kwa ndama. Abti akatoa bastola. Hakutaka hata kumuua, alielekeza juu amtishe tu.

Ikalia tup. Kama mtu amefungua chupa ya soda.

Fisi hata hakushtuka. Abti akaangalia bastola, akasema, "Hii ni nini?" Akavuta ile chuma ya juu nyuma na mkono, ikarudi, akainua tena, akafyatua.

Hiyo ya pili haikuwa mlio ya bunduki. Ilikuwa kama tairi ya lori imepasuka karibu na sikio yako. Simu ikaniruka. Iliendelea kurekodi ikiwa chini, kwa hivyo kwa hiyo video unaona mawingu tu, alafu unasikia ngamia wakikimbia, alafu unasikia abti akisema bismillahi, bismillahi, pole pole, kama mtu anatafuta kitu gizani.

Kidole gumba, ya kuelekeza na ya katikati. Hizo tatu za mkono ya kulia zilienda. Na kipande ya chuma ilipita kwa shavu chini ya jicho. Daktari alisema ashukuru jicho.

Akiwa bado amelazwa, polisi mmoja akatumwa, anaitwa Mwongera, kazi yake ni silaha. Mtu mpole. Alisikiliza video yangu, akarudisha ile sehemu ya tup mara nyingi. Akatoa risasi mbili kwa bahasha, moja ya zamani na moja ya paketi, akazisimamisha kwa kile kimeza ya dawa. Nafiso akageuza uso kwa ukuta. Alikuwa ashaona.

Mwongera akasema hizi ni ndugu wa majina lakini si wa mama moja. Hii ya paketi ni ya bastola ingine, imetengenezwa nchi ingine, ni fupi na mwili wake umezidi kidogo. Na hii imezeeka, baruti yake imechoka. Ya kwanza ilitoka ikakwama katikati ya mtutu. "Ya pili ilikuja ikapata mlango umefungwa na mtu," akasema. "Moto ikakosa pa kupita, ikapita kwa mkono yako, mzee." Alafu akaniangalia mimi, sijui kwa nini mimi, akasema bunduki ikilia hivyo, kama imekohoa, usifyatue tena. Elekeza mahali haina mtu, ngoja, toa risasi zote, na upatie fundi aangalie mtutu. Na risasi ambayo hujasoma maandishi ya kitako yake na kuhakikisha ni ya bunduki yako, usiweke, hata kama umepewa na baba yako.

Akauliza nani alimpa.

Abti akafunga macho. Akasema alinunua kwa mpita njia, hakuuliza jina. Mwongera akamwangalia mpaka mimi nikaona haya. Akaandika hivyo hivyo, akaenda na bastola, na leseni ikaenda.

Akitoka tu, abti akatuambia maneno yenye sikusahau. "Godana asijue. Mkono imeenda. Huyo akijua, ataenda pia."

Godana alikuja na samli, akakaa kwa kitanda, akalia kama mtoto. Tukamwambia bastola ilikuwa chuma mzee. Akaitukana hiyo bastola na watu waliitengeneza, na abti akamsaidia kuitukana. Mimi nilitoka nje.

Kidonda ikapona. Siku ya soko Godana akafika na ngamia wawili, akasema wauzwe na Guled au anarudi nao. Watu wakasikia. Mnunuzi alikuwa Abdighani, tajiri mtaratibu, anajua abti miaka mingi. Abti akatoa kitambaa ya kijani, akafunika mikono, na mimi kwa mara ya kwanza sikuinua simu.

Niliona uso ya Abdighani ikibadilika. Vidole mbili ndogo zinaweza kusema nini? Abti alishika, akaachilia, akashika tena. Kitambaa ilikuwa inatikisika. Abdighani akainama karibu na sikio yake akasema kwa adabu, "Guled, tuongee tu na mdomo." Ni kama alimwambia avue nguo hapo sokoni. Abti akasema atarudi baadaye, akaenda kukaa kwa jiwe kando ya ua.

Godana akamfuata. Mimi nikafuata na chupa ya maji. Alikuwa anatafuta maneno ya kumfariji, masikini, na haya ndio alipata.

"Jaala, ni ile bastola tu ilikusaliti. Hersi hawezi kupata shida kama yako, yake anaitunza. Nilimpa zile risasi zilibaki kwangu, paketi ingine nzima. Ameenda nazo safari."

Hersi ni binamu ya abti, anaendesha lori ya mifugo. Bastola yake na ya abti zilinunuliwa pamoja, kama mapacha.

Abti alikuwa bado amefunika mkono na kitambaa. Niliona anafikiria, na nilijua anafikiria nini, kwa sababu na mimi nilikuwa nafikiria hiyo hiyo. Angeweza kunipigisha simu kando, amwambie Hersi kwa siri. Lakini Hersi hawezi kushika siri, na paketi ni ya Godana, na huyo mtu wa mpaka anaweza kupita tena na paketi ingine. Godana atakuwa anapeana risasi kama chai mpaka azikwe.

Akatoa kitambaa. Akaweka ule mkono uchi kwa goti ya Godana.

"Haikuwa bastola," akasema.

Godana akangoja.

"Zilikuwa si za bunduki yangu. Zinafanana tu. Ningeangalia ningeona, Nafiso aliona. Mimi ndio niliweka."

Godana akaangalia ule mkono. Hakuugusa. Abti akaniambia bila kugeuka, "Abti, pigia Hersi."

Mteja wa nambari uliyopiga hapatikani kwa sasa. Nikapiga tena. Hapatikani. Huko Hersi alienda pande ya Merti network ni ya kubahatisha. Nilipiga mpaka simu ikaanza kuwa moto kwa mkono, natembea nikipiga, nazunguka hilo jiwe, na kila mara yule mama wa simu anasema yale maneno yake na Godana anafunga macho. Waliadhini Alasiri. Abti akaswali hapo hapo kando ya ua. Godana, mtu hajawahi kupitwa na swala, alibaki amekaa.

Alafu ikaita.

"Niko Biliqo nakula nyama," Hersi akasema, mdomo imejaa. "Mnataka?"

Nikaweka kwa spika. Abti akamuuliza kama amefyatua hata moja. Bado. Basi atoe zote, sasa hivi, asiweke ingine. Hersi akaanza mzaha, alafu akasikia ile sauti ya abti, akaacha. Tukasikia zikianguka kwa sahani ya bati, moja, ingine, ingine. Kwa kila moja Godana alikuwa anatikisika kidogo kama mtu anapigwa.

Zilipoisha, akainuka. Hakusema kwaheri. Alichukua kamba za ngamia wake wawili, akaenda nao vile alikuja nao. Abti alimuita mara moja tu, "Jaala." Hakugeuka.

Hajawahi kuja tena. Lakini asubuhi iliyofuata, yule mama wa maziwa, Kabale, anayeletea watu wa mji maziwa ya ngamia kutoka Kulamawe, alisimama kwa mlango na mtungi hatukuagiza. Ya Guled, akasema, imetoka kwa boma ya Godana. Kesho yake tena. Abti anaupokea na mikono miwili, ule mzima na ule mwingine, anamuuliza Kabale kila siku, "Amesema nini?"

"Hajasema kitu, mzee."

Juzi abti alikunja kile kitambaa ya kijani, akafunga kwa shingo ya mtungi mtupu, akampa Kabale arudishe. Nafiso akamuuliza sasa atafunika mkono na nini sokoni. Akasema sokoni hana cha kufunika.

Maziwa ilikuja siku iliyofuata, na iliyofuata. Kitambaa haikurudi. Mimi nilisema labda Kabale ameipoteza, nikataka kumpigia, nikatoa simu. Abti akanishika mkono na vile vidole mbili.

"Wacha," akasema. "Hiyo Godana ataileta mwenyewe."

Leo ni siku ya soko. Ameenda asubuhi, amekaa kwa lile jiwe, bega yake haina kitu.