Penseli Ndani ya Mlango wa Tanuri

Mume wangu Urho alikufa tarehe ishirini na nane Oktoba, ameketi jikoni na koti lake na kofia, kwa sababu nyumbani kwetu tanuri la gesi lililo chini ya nyumba haliwashwi kabla ya tarehe mosi Novemba. Huku kaskazini mwa Minnesota, mwanamume anayepasha nyumba joto mwezi wa Oktoba huchekwa mpaka kanisani. Daktari alisema ni moyo, si baridi. Akawaambie wengine! Mimi ndiye niliyemfunika blanketi la tatu nikamwambia, "Urho, acha nishuke nijaribu kuwasha." Akanijibu, "Bado siku nne, mama. Wendell mwenyewe hajawasha." Nikamtii. Miaka arobaini na sita nagombana na mtu huyu kwa kila kitu, halafu siku hiyo moja nikamtii.

Tulimzika Jumamosi. Jumapili Wendell, jirani yetu, akaja na tochi na kiberiti cha njiti ndefu.

"Shemeji, unaishi ndani ya friji."

"Wewe ndiye uliyemuua," nikamwambia. "Wewe na mashindano yenu ya kijinga ya nani atawasha mwisho."

Akainamisha kichwa, akapita kwenda kwenye ngazi za chini ya nyumba. Mimi sikujua hata tanuri linawashwaje. Ilikuwa kazi ya Urho, na kila mwaka tarehe mosi alishuka akipiga mluzi kama anakwenda harusini.

Wendell alinisimamisha mlangoni. "Nusa kwanza. Chini kabisa, karibu na sakafu pia. Ukisikia harufu ya gesi, usiguse swichi, usiwashe chochote. Unatoka nje, unapigia simu watu wa gesi ukiwa kwangu."

"Nasikia harufu ya soksi zako tu."

"Basi pako salama."

Ngazi zile ni kumi na tatu, zimesimama wima. Tangu Agosti Urho alikuwa akiishia ya kwanza, anarudi, anasema amesahau alichofuata. Nami nilimcheka, nikamwita mzee.

Tanuri letu ni la zamani, halina feni. Joto hupanda lenyewe, kimya. Wendell akafunga koki ya gesi. "Sasa tunasubiri dakika tano, kama kuna gesi iliyobaki itoke. Hapa ndipo watu wenye haraka huunguza nyusi."

Tukasubiri. Nikaona nisipomuuliza nitapasuka.

"Wewe uliwasha lini mwaka huu?"

"Septemba," akasema kwa sauti ndogo. "Kila mwaka huwasha Septemba. Mke wangu angenitoa roho."

"Na Urho?"

"Alijua, shemeji. Miaka yote alijua."

Mungu wangu! Sasa alikuwa akishindana na nani?

Wendell akapiga goti. Akafungua kimlango cha bati mbele ya tanuri, akamulika upande wake wa ndani. Kulikuwa na maandishi ya penseli, mwandiko wa Urho, mstari chini ya mstari.

Oktoba 11. Elma ana baridi, hasemi.

Oktoba 6. Elma ana baridi, hasemi.

Septemba 30. Elma ana baridi, hasemi.

Mwaka hadi mwaka hivyohivyo. Nami nilikuwa nikijisifu kwa dada zangu kwamba sisi hatuogopi baridi! Urho aliniambia nyumba hii ilijengwa na baba yake, inashika joto. Kumbe alikuwa akishuka mapema kuniwashia, moto mdogo tu nisishtuke, kisha tarehe mosi anakuja kupiga mluzi wake.

Mstari wa mwisho ulikuwa wa mwaka jana; wa mwaka huu haukuwapo.

"Mwaka huu alishindwa kushuka," nikasema.

"Nilimwambia nije nimwashie. Akasema ungejua."

Nilikaa kwenye ngazi nikalia kwa sauti. Wendell alinusa tena, akanishika mkono, akaniinua. "Zungusha koki kwenye alama ya moto mdogo, ule wa kuwashia. Ibonyeze, usiiachie. Sogeza njiti hapo."

Kimoto cha buluu kikashika, kidogo kama ukucha. Nikabonyeza dakika nzima, kidole kikafa ganzi. Nilipoachia, kikabaki. Akaniambia niifungue koki yote, na tanuri zima likawaka.

"Umeweza," akasema. "Twende juu, kuna mkate wa iliki, mke wangu kaoka."

"Tangulia."

Penseli ilikuwa palepale, imefungwa kwa uzi. Nilipiga magoti, nikaandika chini ya mistari yake, joto likianza kunipiga usoni.

Oktoba 28. Urho ana baridi, hasemi.