Kesi ya Mzee Nasur

Nasur alikuwa ameendesha greda la serikali mjini Koboko tangu ndevu zake zikiwa nyeusi, na barabara ya Dranya aliijua kona kwa kona. Msimamizi wa mitambo alipostaafu, hakuna aliyeuliza nani angeshika nafasi ile. Majirani walikwishaanza kumwita mkewe, Hajara, "mama bosi," naye hakuwakataza.

Kumbe kulikuwa na jambo. Kabla ya Ramadhani, mkubwa wake, Injinia Aliga, alimwambia kwa mdomo tu: "Mzee Nasur, ukitoka huko pitia kwa mheshimiwa, usawazishe uwanja yake kidogo. Ile mutu yetu."

Nasur akapitia, akasawazisha. Mtu akapiga picha, zikazagaa kwenye simu za mji mzima. Juma halijaisha, Nasur akakabidhiwa mashtaka: ametumia mtambo wa umma kwa kazi ya mtu binafsi. Injinia hakutajwa popote. Yeye alihamishiwa Arua.

Kesi ikapangwa, ikaahirishwa. Mara mwenyekiti wa kamati ya nidhamu yuko safarini, mara wajumbe hawakutimia. Usaili wa nafasi ile haukungoja. Nasur alifika amevaa kanzu yake ya Idi, na Ritah, ofisa wa utumishi, akamzuia mlangoni.

"Mzee, wewe hatuwezi kukuita. Kesi yako bado iko."

"Basi muisikilize."

"Itasikilizwa."

Nafasi akapewa Ocama, ambaye kazi alifundishwa na Nasur mwenyewe.

Ndipo Nasur akaenda Arua kumtafuta injinia. Aliga alimpokea vizuri, akamwagizia soda, kisha akafunga mlango.

"Injinia, sikuja kugombana. Sema neno moja tu, kwamba wewe ndiye ulinituma."

Aliga akageukia dirisha. "Mzee, nikisema hivyo, mimi pia nitafunguliwa kesi. Na sasa hivi wanataka kunipandisha cheo. Wewe unajua, mutu iko na kesi hapandi."

"Najua. Mutu yenyewe ndiyo mimi."

Soda ilibaki mezani.

Siku ileile Nasur alimshtaki injinia kwa wakubwa wa utumishi. Maisha yake yote hakuwahi kumchongea mtu. Njia nzima ya kurudi alikuwa akiwaza: kama mimi nimefungiwa nje, basi angalau na yeye abaki nje. Wazo hilo halikumfurahisha, ila ndilo pekee alilokuwa nalo.

Mwezi haukwisha. Asubuhi moja Ocama alimvuta kando ya greda, akasema polepole, "Mzee, umesikia ya Arua? Aliga amepandishwa."

Nasur hakuzima hata injini. Alikwenda moja kwa moja kwa Ritah.

"Mimi nilimshtaki huyo mutu. Mlipokea?"

"Tulipokea. Lakini ile ni tuhuma tu, mzee. Mtu hawezi kunyimwa haki yake kabla hajapatikana na hatia. Sheria inamlinda."

"Na mimi nilipatikana na hatia lini?"

Ritah akafungua droo, hakutoa kitu, akaifunga. "Yako ni tofauti. Yako ni kesi. Ya injinia ni malalamiko."

"Tofauti iko wapi?"

Watu wawili waliokuwa wakisubiri nyuma yake walikuwa wakitazama viatu vyao.

Nyumbani alimkuta Hajara anapepeta mtama uani.

"Baba Shamirah, wamesema nini?"

"Wamesema sheria iko."

"Iko wapi?"

"Iko Arua, inakunywa chai na Aliga."

Hajara akacheka, akidhani ni utani. Alipomwona mumewe hacheki, akauweka ungo chini. Nasur akampita, akaingia ndani, akajilaza na viatu vyake miguuni, akageukia ukuta. Adhana ya alasiri ikaanza, ikaisha. Hakuinuka.