Wimbo wa Nadine Washushwa

Tangu asubuhi Verlon Pruitt alikuwa akianguka palepale. Mstari wa tatu wa kiitikio unapanda ghafla, na kila akiufikia sauti inakatika kama uzi uliooza. Anakohoa, anakunywa chai ya asali, anasema, "Tena." Nasi tunapiga tena.

Ulikuwa wimbo wa mwisho wa albamu, na sote tulijua kwamba albamu yenyewe huenda ndiyo ya mwisho. Aliutunga ujanani kwa ajili ya mkewe, Nadine, na Nadine akauimba pamoja naye kwenye majukwaa ya Alabama na Tennessee mpaka alipofariki mwaka jana. Verlon alikuwa ameapa: utaimbwa juu vilevile walivyouimba wawili, la sivyo hauingii.

Katika studio tuliyokuwa tukirekodia hatuimbi vipande vipande. Tunakaa chumba kimoja, tunapiga pamoja, na mlio wa kila mmoja unaingia kwenye maikrofoni ya mwenzake. Huwezi kuja baadaye kuchomoa sauti mbovu ukapachika nzima.

Mchana alitoka kwenda kujilaza garini. Odell Stamps, mpigaji wa lile gitaa la chuma linalolazwa, akanijia nikiwa napangusa fidla yangu. Amempigia Verlon muziki tangu wote wawili walipokuwa na nywele. Mimi, mbali na fidla, ndiye niliyekuwa nikimkazia Verlon nyuzi za gitaa, maana vidole vyake vinamuuma. Odell akaniomba nizilegeze zote, mlio wa gitaa ushuke kidogo. Yeye na wenzetu wa besi na piano wangefuata huko chini. Mzee angeweka vidole alipozoea, asijue lolote.

Nilimwambia atajua.

"Atajua nini? Leo kavaa soksi za rangi mbili na hajui."

Sikucheka. Lakini nilikuwa nimechoka kumsikia akianguka, nikazilegeza.

Aliporudi alipokea gitaa, akalikwaruza mara moja, akanitazama. Nikainamia fidla yangu. Kisha akaimba, na safari hii akaupita ule mstari polepole, kama mtu anayevuka kijito kwa kukanyaga mawe. Sauti ilikuwa nzito, yenye mikwaruzo, na haikukatika. Nyuma ya kioo prodyuza alijifuta macho kwa kofia yake.

"Nani kazilegeza?" Verlon akauliza.

"Unyevu huo, mzee," Odell akasema. "Hata milango imevimba."

"Unyevu hauna masikio, Odell. Hauwezi kulegeza nyuzi zote sita sawasawa."

"Ni mimi, Bwana Verlon," nikasema.

Hakunigombeza. Alianza kuzikaza mwenyewe, mmoja baada ya mwingine, akiuma mdomo kwa maumivu ya vidole, mpaka gitaa likarudi juu. Akamwomba prodyuza azime mashine. Sisi akatuomba tusiguse kitu.

Akauimba peke yake. Alipofika pale, sauti ikakatika. Safari hii hakukohoa wala kuomba chai. Aliegemeza kidevu juu ya gitaa. Odell alikuwa akiangalia viatu vyake.

"Nadine angenicheka," Verlon akasema mwishowe. "Angesema, Verlon, mimi nimeshashuka, wewe unang'ang'ania nini huko juu?"

Akaninyooshea gitaa.

"Shusha, binti. Ile rekodi mliyoniibia ndiyo iingie kwenye albamu. Ila siku nyingine uniambie mbele ya macho yangu."

"Ndiyo, Bwana Verlon."

"Na Ijumaa, kwenye onyesho letu la mjini Tupelo, huko nako ushushe."

Odell akauliza kama kuna mwenye njaa, kwamba angeweza kwenda kuleta kuku wa kukaanga. Nikaanza na uzi mnene. Verlon alikuwa ameshavua miwani na kufumba macho, anausikiliza ukishuka.